Somo: Hamisha faili kubwa seva kwa seva, bando lako libaki salama

Wakuu, swali la kuhamisha faili kubwa bila kumaliza bando naulizwa inboksi kila mara, kwa hiyo nalijibu hapa mara moja.

Uko Mtwara mjini, Masasi au Nachingwea, na mteja wa Dar amekuwekea video ya harusi ya GB 20 kwenye tovuti ya kuhifadhia mafaili. Wewe unaitaka Google Drive. Ukiishusha kwenye laptopu kisha ukaipandisha, bando linaliwa mara mbili, na umeme ukikatika ndiyo basi. Kazi hiyo mwachie seva. Wewe unatuma amri tu, hata kwa mtandao wa kusuasua.

1. Kodi VPS (seva ya kukodi mtandaoni) ya Linux, diski izidi ukubwa wa faili.

2. Ingia kwa SSH, njia ya kuiendesha seva ukiwa mbali. Kwenye simu, app ya Termux inatosha.

3. Andika `tmux`. Mtandao ukikata, kazi inaendelea. Ukirudi, `tmux attach`.

4. Shusha: `wget -c "linki"` (`-c` ni kuendelea pale ilipoishia)

Hapa soma taratibu. Hizo alama za nukuu ni lazima: linki nyingi zina alama ya &, na bila nukuu amri inakatikia hapo hapo. Halafu tovuti nyingi hufunga linki kwa IP (anwani ya mtandaoni) iliyoiomba. Ukiichukua kwenye simu ukaibandika kwenye seva, unaweza kurudishiwa ukurasa wa wavuti uliobeba jina la video yako, na wget ikakwambia imemaliza. Usiamini jina, andika `ls -lh`. Ukiona KB 40 badala ya GB 20, ufute ukurasa huo KABLA ya kurudia. Usipoufuta, `-c` itaiunga video juu yake: ukubwa utatimia, video haitafunguka.

5. Sasa rclone, programu ya kupeleka faili Drive. Andika `rclone config`, chagua Drive, ipe jina drive. Kisha `rclone copy video.mp4 drive: -P`

6. Hakikisha imefika, ndipo ufute ya kwenye seva.

Swali, Masasi: Mkuu mbona kwangu inagoma?

Jibu: Umeandika amri gani, imejibu nini? Bila hivyo siwezi kujua.

Masasi: Nimebandika linki tu kama ilivyo.

Jibu: Nukuu. Hatua ya 4.

Swali, Lindi: Kaka, linki iliyofungwa kwa IP ya simu naipataje kwa IP ya seva?

Jibu: Swali zuri sana. Kwenye laptopu ingia kwa `ssh -D 1080`, ukiongeza jina lako na anwani ya seva kama kawaida. Kisha kwenye mipangilio ya Firefox weka proksi ya SOCKS (inapitisha mtandao wa Firefox kwenye seva), 127.0.0.1, bandari 1080. Tovuti itaiona IP ya seva, na linki utakayopewa itakubali kule. Usibonyeze kushusha hapo kwenye Firefox. Nakili linki tu.

Swali, Newala: Seva yangu ina diski ya GB 10. Nikodi nyingine?

Jibu: Hapana ndugu yangu. `rclone copyurl "linki" drive:video.mp4` inapitisha moja kwa moja bila kuhifadhi kwenye diski. Ila ikikatika katikati inaanza mwanzo, haina `-c`. Na faili la rclone.conf usimpe mtu: anayelishika ameshika Drive yako.

Masasi: Imekubali, GB 20 kamili.