Kukokotoa halijoto na shinikizo la mwisho la gesi: tairi na silinda ya dizeli

Kabla hujashika kikokotoo, jiulize: gesi ilipobadilika, ni kitu gani kimebaki vilevile? Jibu ndilo linalochagua kanuni. Wengi wanaokosa maswali haya kanuni wanazijua. Wametumia isiyohusika, au wameingiza vipimo visivyofaa.

Chukua tairi lililojazwa upepo PSI 32 (PSI ni kipimo cha shinikizo) asubuhi, nyuzi 25 za Selsiasi. Barabarani, hewa ya ndani inafika nyuzi 60. Tairi hutanuka kidogo mno, hivyo tunasema ujazo haubadiliki (P ni shinikizo, T ni halijoto; 1 ni mwanzo, 2 ni mwisho):

P2 = P1 × T2 ÷ T1

Hapa ndipo pa kuwa makini. Geji husoma ile ziada tu juu ya shinikizo la hewa ya nje. Kwa hiyo ongeza 14.7 ikiwa uko pwani (Nairobi, kwa kuwa iko juu, ni kama 12), upate 46.7. Nyuzi nazo ziongezee 273 ziwe Kelvini: 298 na 333.

46.7 × 333 ÷ 298 = 52.2

Toa 14.7: geji itasoma 37.5. Ukisahau ile 14.7 utapata 35.8, na kosa hili ni la hatari kwa sababu jibu lake halishtui. Kosa la kutumia Selsiasi hujitokeza lenyewe, maana 32 × 60 ÷ 25 inakupeleka karibu PSI 77.

Silinda ya dizeli ni habari nyingine. Pistoni inabana hewa haraka kiasi kwamba joto halipati muda wa kutoka, na ujazo, halijoto na shinikizo vyote vinabadilika pamoja. Tuseme hewa ya Kelvini 300 na kPa (kilopaskali) 100 inabanwa mara 18, yaani ujazo wake unagawanywa kwa 18. Kwa hewa, kipeo cha shinikizo ni 1.4, na cha halijoto ni hicho kutoa 1, yaani 0.4 (alama ^ huonyesha kipeo):

T2 = 300 × 18^0.4 = 953 K, yaani nyuzi 680
P2 = 100 × 18^1.4 = kPa 5,720 hivi

Ndiyo maana dizeli hujiwasha bila plagi ya cheche. Ukidhani halijoto haikubadilika utapata kPa 1,800, chini ya theluthi ya jibu. Injini halisi hufika chini kidogo ya 5,720: joto hupotelea kwenye kuta za silinda, hewa huvuja kwenye ringi, na kipeo chenyewe hushuka hewa ikipata moto.

Hakiki kwa PV ÷ T, ambayo haipaswi kubadilika (V ni ujazo: sehemu 18 mwanzoni, 1 mwishoni). Mwanzo: 100 × 18 ÷ 300 = 6. Mwisho: 5,720 × 1 ÷ 953 = 6. Zisipolingana, rudi kwenye vipimo kwanza.