Jinsi ya Kuisikiliza "Scenes from a Memory" ya Dream Theater kwa Mara ya Kwanza

Kosa linalowaharibia wengi albamu hii hutokea kabla haijaanza kupigwa. Mtu husikia sifa za Dream Theater, kundi la hevi metali la Marekani, akaitafuta "Metropolis Pt. 2: Scenes from a Memory" ya mwaka 1999, akachagua wimbo mmoja wa katikati, akausikiliza kwa dakika tatu, akaona ni kelele tupu za hevi metali na kuiacha. Albamu hii haikutungwa ili idonolewe. Ni kisa kimoja cha dakika 77 hivi, chenye nyimbo 12 zilizopangwa katika vitendo viwili na maonyesho tisa kama mchezo wa jukwaani, na anayeanzia katikati huwa amekwisha kukosa mambo ambayo watunzi walimwekea mapema ili ayatambue baadaye.

Kwa hiyo tenga saa moja na nusu isiyo na shughuli nyingine, na usiku ndio wakati bora zaidi. Pakua albamu nzima mapema ili bando au mtandao usikukatize, zima kitufe cha kuchanganya nyimbo, na ikiwa programu yako huweka kimya kati ya wimbo na wimbo, ingia kwenye mipangilio ukiondoe, kwa sababu nyimbo hizi zimeshonwa pamoja na mshono ni sehemu ya kazi yenyewe. Tumia hedifoni. Spika ya simu humeza gitaa la besi la John Myung, na bila besi hiyo nusu ya muziki huu haisikiki.

Kuna wimbo mmoja wa kuusikiliza kabla ya albamu, nao ni "Metropolis—Part I: The Miracle and the Sleeper", wa dakika tisa na nusu hivi, uliotoka katika albamu ya "Images and Words" mwaka 1992. Albamu ya 1999 ndiyo sehemu ya pili ya wimbo huo, na wanamuziki wamevichukua vishazi vyake vya gitaa, na hata maneno yake, wakavipandikiza humu. Usipoufahamu, utapita juu ya vishazi hivyo bila kujua kwamba ni marejeo.

Kuhusu kisa, nashauri ujue machache tu. Nicholas, mtu wa zama zetu, anaandamwa na ndoto za mwanamke asiyemjua, anakwenda kwa tabibu anayemtia usingizi wa hipnosisi, na huko anagundua kwamba katika maisha ya awali yeye alikuwa Victoria Page, msichana aliyeuawa mwaka 1928. Wamo pia ndugu wawili, Julian na Edward Baynes. Usisome muhtasari wowote zaidi ya huo, na mimi hapa sitasema nani aliua.

Mara ya kwanza sikiliza bila kufuata maneno, ukizishika sauti tu. "Regression" inafunguliwa kwa mlio wa saa ya ukutani, tik tak, na sauti ya tabibu inayohesabu kurudi nyuma, kisha gitaa la akustika linaingia taratibu na James LaBrie anaanza kuimba kwa upole. Ishike sauti hiyo ya wimbo na uihifadhi kichwani. Karibu saa nzima baadaye itarudi katika "The Spirit Carries On", safari hii ikiwa imebebwa na kwaya, na ninaamini kwamba hakuna mahali pengine katika albamu panapogusa moyo kama hapo. Lakini humgusa yule tu aliyeisikia ikiwa bado changa. "Overture 1928" haina maneno kabisa. Aliyelelewa na taarabu ya Unguja ataikumbuka bashraf, ile ala tupu inayotangulia kuimba, ila hii ina kazi ya ziada ya kuonja sauti ambazo nyimbo za mbele zitazitumia.

Ukihitaji kupumzika, pumzika baada ya "Through Her Eyes", takriban dakika ya 35, maana hapo ndipo kitendo cha kwanza kinapokwisha. Ukipumzika mahali pengine popote utakata uzi.

Kitendo cha pili kinaanza na "Home", wimbo wa karibu dakika 13 unaofunguliwa na sauti ya sitari, ala ya nyuzi ya Kihindi, kisha inafuata "The Dance of Eternity", ambayo huwatisha wageni. Ni ala tupu kwa dakika sita, na hesabu ya mapigo hubadilika zaidi ya mara 100, hivyo ukijaribu kuufuata kwa kupiga mguu sakafuni utapotea kabla ya nusu dakika. Acha kuhesabu. Sikiliza ngoma za Mike Portnoy na gitaa la John Petrucci jinsi yanavyogeuka pamoja, kisha ngojea kinanda cha Jordan Rudess, ambaye hii ilikuwa albamu yake ya kwanza ya studio na kundi hili, kinapoacha ghafla ukali wote na kuchezacheza kama piano ya ragitaimu ya Marekani ya zamani. Jina la wimbo limetoka katika mstari wa mwisho wa ule wa 1992.

Mara ya pili, siku nyingine, fungua maneno na uyafuate mstari kwa mstari. Katika "Beyond This Life" LaBrie anaimba habari ya gazeti kuhusu mauaji. Isome kama unavyopaswa kusoma gazeti lolote, yaani ukijiuliza nani aliyemsimulia mwandishi. Jibu limo katika "Finally Free". Humo tega sikio kwa amri moja fupi ya kufumbua macho, inayotolewa mara tatu, mwanzoni kwa Nicholas, kisha kwa Victoria, na mwishoni kabisa kwa Nicholas tena, na ulinganishe nani anasema na nini kinafuata.

Baada ya hapo utabaki mkwaruzo mtupu. Usiuzime. Uache uishe wenyewe, kisha washa "The Glass Prison", wimbo unaofungua albamu yao ya mwaka 2002, nawe utaukuta mkwaruzo uleule ukikungojea.