Dark Side of the Moon ya 24-bit usiisikilize kwa Bluetooth

Jamani kama umeshusha ile albamu ya Dark Side of the Moon ya bendi ya Pink Floyd iliyosafishwa upya, faili la 24-bit (lenye data nyingi za sauti kuliko CD), usiisikilize kwa Bluetooth, yaani umemaliza bando lote halafu simu inaibana tena sauti kabla haijafika sikioni, chomeka hedifoni za waya, na kama simu haina tundu tafuta kiadapta cha USB-C chenye DAC ndani, kile kichipu kinachogeuza sauti ya kidijitali iweze kusikika kwenye hedifoni. Ekwalaiza, ile ya kupandisha na kushusha besi, izime.

Kingine ambacho wengi wanakiruka, ukitaka kulinganisha na CD ya zamani sawazisha volyumu kwanza, maana matoleo mapya mara nyingi yamepandishwa sauti na sikio linadanganyika, chenye kelele zaidi linakiona ndo kizuri.

Mi huwa naenda moja kwa moja kwenye zile saa za wimbo wa Time, Alan Parsons, injinia wa sauti wa albamu hiyo, alizirekodi moja moja, sikiliza kila moja inavyolia upande wake. Halafu rudi mwanzo kabisa wa albamu, mapigo ya moyo yanavyopanda taratibu kutoka kwenye ukimya, napapenda hapo sana aisee.