SOMO: Kuomba taarifa kutoka ofisi ya serikali Kenya, hatua kwa hatua

Nimechoka kujibu swali hilihili kila wiki, kwa hiyo naliandika mara moja. Haki yenyewe iko Kifungu cha 35 cha Katiba, na utaratibu uko kwenye Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016. Katiba imesema "kila raia", si kila mtu. Hilo neno lina kazi yake.

1. Jina kamili, namba ya kitambulisho, simu. Kampuni inaweza kuomba ikiwa wenye usemi ndani yake ni Wakenya.

2. Mwandikie mkuu wa taasisi. Kisheria yeye ndiye afisa wa habari. Kiswahili au Kiingereza, zote sawa. Wakikupa fomu, jaza. Huna fomu, barua inatosha, na hawaruhusiwi kuikataa kwa sababu hiyo tu.

3. TAJA HATI, USIULIZE SWALI. Hapa ndipo barua nyingi hufia, zangu za mwanzo zikiwemo. Ukiandika "nataka kujua pesa za barabara yetu zilienda wapi", utajibiwa kwa barua ya heshima isiyo na kitu, maana ofisini hakuna faili lenye jina hilo. Kuna mkataba, kuna BQ (orodha ya kazi na vifaa vya mradi pamoja na bei zake), kuna vyeti vya malipo, kuna cheti cha kukamilika kwa kazi. Basi andika: "Naomba nakala za (a) mkataba wa ukarabati wa barabara ya sokoni hadi zahanati, wadi fulani, mwaka wa fedha 2023/2024, (b) BQ yake, (c) vyeti vyote vya malipo ya mkandarasi hadi tarehe ya barua hii." Namba ya zabuni, ukiwa nayo, iwe kwenye kichwa cha barua.

Tahadhari: malalamiko yaandikie barua yake. Ukiyachanganya humu watajibu malalamiko na hati zitasahaulika. Usiombe "hati zote tangu 2013", kwani wingi wa hati unawapa ruhusa ya kujiongezea siku 14. Sababu ya kuomba si lazima uitaje, hata wakikuuliza.

4. Nenda na nakala mbili. Moja wabaki nayo, ya pili igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Usiondoke masjala bila muhuri.

5. Hesabu siku 21, wikendi zimo. Jambo la uhai au uhuru wa mtu ni saa 48. Kama hati ziko ofisi nyingine, wana siku 5 za kuihamisha barua yako.

6. Siku zikipita kimya, sheria inahesabu kwamba umekataliwa. Hapo una siku 30 za kupeleka ombi la mapitio kwa Tume ya Haki ya Utawala (Ombudsman). Ambatanisha ile nakala yenye muhuri. Wengi hukaa wakingoja jibu mpaka siku hizo 30 nazo zinaisha.

Ada: kuomba ni bure. Unalipia gharama halisi ya kutoa na kukufikishia nakala.

MASWALI

kipanga254: Wananiambia nilipe elfu mbili za kufungua faili. Nilipe?

Mwandishi: Mstari wa mwisho wa somo.

kipanga254: Sikuuona, usikasirike bana.

Mwandishi: Sijakasirika. Waombe waandike dai hilo kwa barua, waweke na muhuri. Uone kama wataandika.

mwana_wa_kisauni: Niko Doha mwaka wa tisa. Bado naweza kuomba? Na mke wangu ni Mfilipino, anaweza kuandika kwa jina lake?

Mwandishi: Swali zuri. Wewe unaweza, uraia hauishi kwa kukaa nje. Tuma kwa barua pepe na udai wathibitishe kupokea. Jibu hilo ndilo muhuri wako. Shemeji hawezi. Ndoa haimpi uraia moja kwa moja. Inampa haki ya kuomba kusajiliwa baada ya miaka 7. Na kwa wengine wanaosoma: uraia pacha unaruhusiwa tangu Katiba ya 2010, lakini aliyepoteza uraia wake zamani kwa kuchukua wa nchi nyingine lazima aombe kurudishiwa kwanza.

nyanya_wa_taita: Mimi nasoma tu, kuandika mkono hauwezi tena.

Mwandishi: Nyanya, shikamoo. Nenda ukaseme kwa mdomo. Afisa analazimika kuliandika ombi lako na kukupa nakala. Usikubali kuambiwa "rudi na mjukuu".

fundi_mchundo: Wamesema mkataba ni siri ya biashara ya mkandarasi.

Mwandishi: Kinga hiyo ipo kweli, lakini haifuniki kila kitu. Soma Kifungu cha 5 cha Sheria: jina la mkandarasi, kiasi cha mkataba na muda wa kazi wanatakiwa wavitangaze wenyewe mkataba ukishatiwa sahihi. Waandikie tena, wafiche wanachodai ni siri na wakupe kilichobaki. Wakikataa tena, hatua ya 6.

dada_wa_tanga: Na huku kwetu?

Mwandishi: Tanzania Bara nayo ina sheria yake ya 2016, nayo ni ya raia tu, siku 30. Haihusu Zanzibar.

fundi_mchundo: Nyongeza kwa hatua ya 3: pigeni picha bango la mradi mapema. Namba ya zabuni mara nyingi iko pale, na kazi ikilala hata bango hung'olewa.

kipanga254: Wamekataa kuandika.

Mwandishi: Peleka barua bila kulipa. Nakala mbili.