Onyesho la kuzuru makaburi Songo Mnara, bila kuacha chembe ya mkaa

Ni onyesho la mtendaji mmoja, dakika 20, kwenye magofu ya karne ya 14 na 15 kusini mwa Kilwa Kisiwani. Msingi wake ni walichokikuta wanaakiolojia: vijiwe vyeupe na sarafu zilizowekwa makaburini.

1. Kibali. Anza na Idara ya Mambo ya Kale, kisha serikali ya kijiji na wazee.

2. Kitendo. Kimoja tu: kuinama, kuweka kijiwe, kurudi nyuma. Kilemba cha sultani na ngoma za kukodi huua onyesho hili. Fatiha si maigizo, iache. Tandika mkeka hatua 3 kutoka kaburini, vijiwe viwekwe hapo. Juu ya kaburi lenyewe usiweke kitu.

3. Vijiwe. Beba 40 kutoka bara, kila kimoja na nukta ya rangi ya mafuta chini yake. Hesabu ukianza, hesabu ukimaliza: kijiwe kilichosahaulika kesho kitasomwa kama sadaka ya kale. Sarafu usilete kabisa. Mtu akiona shilingi mchangani, ataanza kuchimba.

4. Chetezo. Hapa ndipo kazi ilipo. Anika mkaa juani siku moja kabla, kisha uufunge kwenye mfuko wa nailoni, maana chomboni hurukiwa na maji, na mkaa wenye unyevu hupasuka na kurusha cheche. Uwashe kwenye jiko, mbali na kuta, ungoje mpaka vipande vyote vivae majivu meupe. Nusu saa si nyingi. Vihamishe kwa koleo hadi chetezo cha udongo kilichokaa ndani ya sinia pana yenye kingo. Ubani ukubwa wa punje ya njegere, juu ya majivu. Ubani ukigusa kaa jekundu unaungua papo hapo, moshi unakuwa mweusi na mchungu, na masizi yanashika chokaa ya ukutani. Ongeza punje kila dakika 5. Kaa upande ambao upepo unautoa moshi ukutani: kaskazi na kusi havikupi nafasi ileile. Udi wa bei si lazima. Ubani safi unatosha.

Usizime kwa maji, yanamwaga majivu. Funika kwa bati, subiri kipoe, ondoka nacho chote. Chembe ya mkaa wa leo ikizama udongoni inaweza kuharibu upimaji wa umri kwa kaboni, na tabaka la kale likaonekana jipya.

5. Maji. Njia inapita mikokoni, kwa hiyo fika maji yakiwa yamejaa. Muulize nahodha, hasa siku za bamvua.

6. Piga picha za ardhi kabla na baada, umwachie mlinzi nakala.