Pudini ya mayai ya Idi kwa mwenye kisukari

Sukari nyingi kwenye pudini ya mayai imo katika ile shira ya kahawia ya chini na katika maziwa mazito ya kopo. Ondoa hivyo viwili, umemaliza nusu ya kazi.

Chemsha nusu lita ya maziwa yasiyotiwa sukari pamoja na iliki iliyopondwa na kijiti cha mdalasini, kisha yaache yapoe hadi yawe vuguvugu. Yakiwa moto yatayaivisha mayai mara moja. Piga mayai manne polepole bila kutoa povu, changanya na maziwa, tia vanila na stevia (kitamu cha majani kinachotumiwa badala ya sukari) kidogo kidogo huku unaonja, maana ikizidi huacha uchungu mdomoni. Chuja, mimina kwenye vikombe vya kahawa, kwangua kungumanga juu, funika kwa foili.

Panga vikombe kwenye sufuria uliyotandika kitambaa, tia maji hadi nusu ya vikombe, pika kwa moto mdogo. Maji yakitokota kwa nguvu, pudini hutoboka matundu na kuachia maji. Epua pudini ikiwa katikati yake bado panatikisika kidogo. Itakazana kwenye friji.

Asali na tende usitie ukidhani ni salama kwa kuwa ni za asili. Nazo hupandisha sukari. Maziwa yenyewe yana wanga, takriban gramu 24 kwa nusu lita, kwa hiyo ukigawa vikombe sita kila mtu anapata kama gramu 4. Wageni wengine wapewe hiyohiyo, mgonjwa asitengewe sahani yake.