Kutunga Onyesho la Mtu Mmoja Kuhusu Mpalestina Aliye Uhamishoni

Onyesho la dakika 20 linahitaji mswada wa maneno kama 1,600, kiti, meza ndogo na taa moja. Vifaa havimshindi mtu. Kinachoharibu maonyesho mengi ni kuanza na huzuni, na huzuni peke yake haina kitendo cha kuigiza. Anza na hati, yaani karatasi za utambulisho za mhusika.

Nakba ya 1948, yaani kufukuzwa na kukimbia kwa Wapalestina wakati wa vita vya kuundwa kwa Israeli, iliwang'oa watu zaidi ya 700,000, na hawakuishia mahali pamoja. Mkimbizi wa kambi ya Ain al-Hilweh, Lebanoni, kwa kawaida hana uraia, na kazi nyingi za taaluma amefungiwa. Mwenzake wa Amman huenda ana pasipoti ya Jordan. Familia ya mshairi Mahmoud Darwish ilikimbilia Lebanoni, iliporejea ikakuta kijiji chao cha al-Birwa kimebomolewa, ikahesabiwa miongoni mwa "waliopo wasiokuwepo" ndani ya nchi yao: wapo nchini, lakini sheria ya Israeli iliwahesabu hawapo kuhusu mali zao. Watu watatu, hofu tatu tofauti. Andika sentensi moja: mhusika anataka nini leo, na karatasi gani inamzuia? Ukishindwa kuijibu, usiandike ukurasa wa kwanza.

Kisha mpe umri wa siku aliyoondoka. Mchoraji wa vikatuni Naji al-Ali alimfanya Handala, mtoto mkimbizi wa michoro yake, abaki na miaka 10, umri aliokuwa nao yeye alipoondoka Palestina, na akamchora akiwa ametugeuzia mgongo. Kumbukumbu za mtoto wa miaka 10 ni za urefu wake: kitasa cha mlango, tumbo la punda, pindo la nguo ya mama. Mwigizaji anayempa mtoto huyo hotuba ya siasa anapoteza hadhira papo hapo.

Ufunguo wa nyumba iliyoachwa, kufiya (kitambaa cha kichwa cha Kipalestina), mzeituni: usivibebe vyote. Alama zikirundikana, mtazamaji anazitambua tu, hazimgusi. Chagua kitu kimoja chenye kazi. Tatriz, utarizi wa mishono ya msalaba, unafaa sana, kwa sababu nakshi zake kwa desturi zilionyesha mvaaji anatoka wapi, tena unaipa mikono shughuli. Tumia kitambaa chenye matundu makubwa na uzi mnene mwekundu. Uzi mwembamba hauonekani kutoka viti vya nyuma. Uzi ukikatika, nyamaza mpaka umalize kuutunga tena sindanoni. Kimya hicho usikijaze maneno.

Maneno ya Kiarabu yawe machache, na yatoke sehemu moja. Kahawa mjini Jerusalem huitwa *ahwe*, vijiji vingi vya kati husema *kahwe*, Mabedui *gahwa*. Ukiyachanganya, Mpalestina aliyeketi mbele atajua mara moja kwamba mhusika hana kwao. Usitafsiri, sema neno, kisha mimina kikombe.

Jukwaani, bandika utepe sakafuni ugawe eneo la mita 4 kwa 3: upande mmoja kambi, mwingine kijiji. Kila upande uwe na mkao wake. Miguu ivuke kwanza, sauti ifuate. Wanaobadili sauti tu huwachanganya watazamaji.

Katika mazoezi pima kwa saa. Ukipita dakika 22, kata maelezo ya historia kwanza, usiharakishe kusema. Na kama umetumia simulizi ya familia halisi, msomee mwenye simulizi mswada kabla ya tiketi kuuzwa, ubadilishe majina ya walio bado kambini.